Timu 14 kwa mchezaji mmoja: kuachwa au kuitwa?

Swali: Shikamoo mtaalamu. Niko Mwanza, na kaka yangu anaishi na familia yake Columbus, Ohio. Amenisimulia habari za mchezaji wa futiboli ya Kimarekani anayeitwa Josh Johnson, aliyepita timu 14. Hapa kijiweni tumebishana sana. Wenzangu wanasema mchezaji anayeachwa na timu 14 hana kiwango. Kaka anasema ile ni kazi ya heshima kama kazi nyingine. Nani yuko sahihi? Halafu mtoto wa kaka ana miaka 16 na anacheza shuleni nafasi hiyohiyo ya Johnson. Je, maisha ya namna hiyo ni ya kumtakia mtoto?

Jibu: Marahaba, ndugu yangu. Kaka yako yuko sahihi. Nitajibu kwa kirefu, maana ubishi wenu unatokana na kuutazama mchezo ule kwa macho ya soka, na katika jambo hili soka linapotosha.

Kwanza hesabu yenyewe. Wenzako wamehesabu mara alizoachwa, wakasahau kuhesabu mara alizoitwa. Johnson aliingia NFL, ligi kuu ya kule, mwaka 2008, alipochaguliwa na Buccaneers wa Tampa Bay katika raundi ya tano ya mgawo wa chipukizi, ambapo timu huchagua vijana kwa zamu. Tangu hapo 49ers wa San Francisco wamemchukua katika vipindi vinne tofauti, Ravens wa Baltimore vipindi vitatu, Bengals wa Cincinnati viwili, Jets wa New York viwili. Mwajiri aliyemwona mtu hafai hamrudii mara ya nne.

Sasa tazameni ligi ilivyo. NFL ina timu 32. Haina daraja la chini la kushukia, haina utaratibu wa mkopo, na hakuna ada ya uhamisho ambayo timu moja inailipa nyingine. Mchezaji hubadilishwa kwa mchezaji mwenzake au kwa haki ya kuchagua chipukizi; la sivyo anaachwa, anakuwa huru. Majira ya joto kila timu hufanya mazoezi na watu hadi 90, na mwishoni mwa Agosti lazima wabaki 53. Yaani watu 37 kwa kila timu, karibu 1,200 kwa ligi nzima, wanaambiwa ndani ya siku chache wafungashe. Baadhi yao, 16 kwa kila timu, hurudishwa kwenye kikosi cha mazoezi. Hao wanasota na wenzao wiki nzima, lakini siku ya mechi hawavai jezi mpaka timu iwapandishe, na kumpandisha mtu yuleyule kwa njia hiyo kunaruhusiwa mara tatu tu kwa msimu.

Johnson ni kwotabeki, yule anayepokea mpira mwanzoni mwa kila shambulizi, anayewaelekeza wenzake na kurusha pasi. Kati ya wale 53, makwotabeki huwa wawili au watatu, na anayecheza ni mmoja. Winga wa akiba kwenye soka ataingia dakika ya 70 karibu kila wiki. Kwotabeki wa pili anaweza kumaliza msimu bila kugusa mpira, kisha siku moja mguu wa mwenye namba unavunjika na uwanja mzima unamgeukia yeye. Nafasi za kazi ni chache mno, na mwenye uwezo wa kuifanya anaweza kukaa nje mwaka mzima kwa kukosa kiti tu.

Jambo la pili linalowapotosha ni mkataba. Mchezaji wa soka akisaini miaka mitano, klabu ikitaka kumwondoa mapema hulazimika kumlipa au kumuuza. Kule NFL mkataba wa miaka sita unaweza kufa baada ya mwaka mmoja na nusu, kwa sababu sehemu kubwa ya fedha haina dhamana. Mfano ulio wazi ni Ryan Fitzpatrick, kwotabeki mwingine wa kuhamahama, aliyesomea uchumi Harvard na kuchaguliwa mwaka 2005 akiwa wa 250 kati ya vijana 255. Oktoba 2011 Bills wa Buffalo walimpa mkataba wa miaka sita wenye thamani ya dola milioni 59, ambapo milioni 24 tu zilikuwa na dhamana. Machi 2013 wakamwacha. Baada ya hapo akaenda Tennessee, Houston, New York, Tampa Bay, Miami na Washington. Ndiye kwotabeki pekee aliyeanza mechi kwa timu tisa.

Najua kijiweni watasema basi na huyo hakuwa na kiwango. Waambie hivi. Mwaka 2015 alipata namba Jets kwa sababu kwotabeki aliyetegemewa alivunjwa taya na mchezaji mwenzake, Agosti, kabla ligi haijaanza. Fitzpatrick akarusha pasi 31 za tachidauni, yaani zilizozaa bao, rekodi ya klabu, na timu ikashinda mechi 10 kati ya 16. Mechi ya mwisho ilikuwa Buffalo, mbele ya watu walewale waliomwacha. Pasi zake tatu zilinaswa na wapinzani, Jets wakapoteza, wakakosa mtoano. Mwaka 2018 akiwa Tampa Bay alirusha zaidi ya yadi 400 katika mechi tatu mfululizo, jambo ambalo hakuna mchezaji aliyewahi kulifanya kabla yake. Mechi ya nne, Chicago, mambo yalipoharibika alitolewa wakati wa mapumziko, na mwenye namba, aliyekuwa ametoka kumaliza adhabu ya kufungiwa, akarudi. Fitzpatrick alicheza misimu 17 bila kupata hata mechi moja ya mtoano. Mpaka leo hilo linaniuma, maana nimemtazama mwaka baada ya mwaka akiibeba timu ambayo haikuwa na mpango wa kukaa naye.

Tena kuna kanuni moja ndogo inayoeleza kuhama kwingi mnakokuona kwenye orodha za wachezaji hawa. Mkongwe mwenye misimu minne au zaidi akiwemo kwenye orodha ya 53 siku ya mechi ya kwanza, mshahara wake wa msimu unapata ulinzi: akiachwa katikati anaweza kudai kilichobaki, ingawa haki hiyo huitumia mara moja tu katika maisha yake ya uchezaji. Timu hukwepa gharama hiyo kwa kumwacha mkongwe kabla ya mechi ya kwanza na kumwita wiki inayofuata. Kwenye karatasi inasomeka kaachwa, kisha kasajiliwa. Mtu mwenyewe hakuongezeka wala kupungua kitu kwa siku hizo chache. Kuna na bei. Mwaka 2025 kima cha chini cha mshahara wa chipukizi kilikuwa dola 840,000, na cha mkongwe wa misimu saba na zaidi dola 1,255,000. Kwa kuwa kila timu ina kikomo cha mishahara, kijana wa bei nafuu humsukuma mzee nje hata kama mzee anajua zaidi. Ligi imejaribu kulisawazisha hilo: mwaka huo mkongwe aliyekubali kima cha chini alihesabiwa kwenye kikomo kama dola 1,030,000 tu, ingawa yeye alilipwa zote. Kanuni hiyo imewabakiza kazini wengi wa aina ya Johnson.

Swali la maana, basi, ni hili: kocha anayemwita Johnson anataka nini kwake? Hatafuti nyota. Anatafuta mtu atakayeshuka kwenye ndege Jumatano na Jumapili aweze kuendesha timu asiyoijua bila kuiangusha.

Sijui kama kijiweni kwenu mnatambua ugumu wa jambo hilo. Kila kocha ana msamiati wake. Amri ya shambulizi moja inaweza kuwa na maneno kumi na zaidi: wachezaji wajipange vipi, nani ahame kabla ya mpira kuanza, ulinzi uelekee wapi, wapokeaji wakimbie njia zipi. Kocha anaisema kwenye redio iliyo ndani ya kofia ya kwotabeki, na redio hiyo hukatika saa ya kuhesabu muda wa kuanzisha shambulizi ikibakiza sekunde 15. Kwotabeki airudie kwa wenzake bila kukosea, wajipange, awasome wapinzani, na akiona mtego abadilishe yote kwa kupiga kelele katikati ya makelele ya mashabiki. Mwenye namba amejifunza lugha hiyo kuanzia Aprili. Mgeni anapewa siku nne.

Novemba 18, 2018 Washington walimpoteza kwotabeki wao, Alex Smith, kwa kuvunjika mguu. Desemba 3 aliyemrithi, Colt McCoy, naye akavunjika mguu. Desemba 5 wakamsajili Johnson. Hakuwa ameanza mechi ya NFL tangu mwaka 2011, na wakati huo alikuwa amechaguliwa na timu ya San Diego katika AAF, ligi mpya iliyokuwa ianze mwaka uliofuata. Alieleza kwamba alitumia mchezo wa video wa Madden kujifunza majina ya wachezaji wenzake. Siku chache baadaye aliingizwa katikati ya mechi dhidi ya Giants, kisha Desemba 16, ugenini Jacksonville, akaanza yeye. Washington walishinda 16 kwa 13. Alikuwa na miaka 32, na huo ndio ulikuwa ushindi wake wa kwanza akiwa kwotabeki wa kuanza. Mgeni njoo, mwenyeji apone: kama kuna mchezo wa kisasa ambao wahenga wangeweza kuusemea maneno hayo, ni huu.

Orodha ya timu zake inaonekana kama mtu aliyetawanyika ovyo, lakini ukiifuatilia kwa makini inapita kwenye familia mbili. Chuoni, University of San Diego, alifundishwa na Jim Harbaugh. Harbaugh aliondoka, na mwaka 2007 Johnson akarusha pasi 43 za tachidauni huku moja tu ikinaswa. Jim alipokuwa kocha wa 49ers alimchukua mwaka 2012, na tena 2014. Kaka yake, John Harbaugh, alipokuwa Baltimore akamchukua mara tatu. Familia ya pili ni ya kina Gruden. Jon Gruden ndiye aliyekuwa kocha Tampa Bay alipochaguliwa mwaka 2008, na mdogo wake Jay alikuwa msaidizi pale. Mwaka 2013 Jay alikuwa akiongoza mashambulizi Cincinnati, Johnson akawa Cincinnati. Mwaka 2018 Jon alimpeleka Raiders, na Washington iliyomwita Desemba ya mwaka huohuo ilikuwa timu ya Jay. Makocha wale walimchukua mtu anayejua tayari namna wanavyozungumza, na ambaye tabia yake waliijua tangu ujana. Sipendi mtu akisema huko ni kubebwa. Kocha wa NFL akikosea kuchagua kwotabeki anafukuzwa yeye, kwa hiyo habebi mtu kwa huruma.

Kazi yenyewe, siku nyingi, haina mashabiki. Jumatano hadi Ijumaa kwotabeki wa akiba anaigiza kwotabeki wa timu pinzani ili walinzi wa kwao wazoee. Wiki hii anarusha kwa mtindo wa huyu, wiki ijayo kwa mtindo wa yule. Anakaa na kijana mwenye namba kwenye chumba cha video, anamwonyesha alichokiona, kisha Jumapili anasimama pembeni. Asiye na timu maisha yake huzunguka Jumanne, siku ambayo timu nyingi huita watu kwa majaribio. Unapigiwa simu na wakala, unapanda ndege, unapimwa afya, unarusha pasi mbele ya kocha pamoja na watu wengine wawili watatu wenye njaa kama yako, na mara nyingi jioni unarudi nyumbani bila kusaini chochote. Kwa mwaka 2015 peke yake Johnson alipita Bengals, Jets, Colts na Bills.

Msimu wa 2021 unaonyesha matunda ya subira hiyo kwa uwazi kuliko mwingine wowote. Novemba 4 alikuwa Jets, kwotabeki akaumia mkono, Johnson akaingia dhidi ya Colts kule Indianapolis na kurusha yadi 317 na tachidauni tatu. Desemba Ravens wakamchukua kutoka kikosi cha mazoezi cha Jets. Desemba 26 kwotabeki wao mwenye namba, Lamar Jackson, alikuwa na jeraha la kifundo cha mguu, wa pili alikuwa nje kwa sababu ya UVIKO-19, Johnson akaanza dhidi ya Bengals na kurusha yadi 304. Timu zake zilifungwa mechi zote mbili, lakini hakuna aliyesema zilifungwa kwa sababu yake.

Sitaki umwambie kaka yako mazuri tu. Januari 29, 2023, Philadelphia, ilikuwa mechi ya kuamua nani aende fainali ya Super Bowl. Mapema kabisa kwotabeki wa 49ers, Brock Purdy, aliumia kiwiko, Johnson akaingia katika mechi kubwa kuliko zote za maisha yake, akiwa na miaka 36. Robo ya tatu aliangushwa, kichwa kikagonga, akatolewa kwa mtikisiko wa ubongo. Purdy akarudi uwanjani na mkono usioweza kurusha mbali, na 49ers wakafungwa 31 kwa 7. Miezi michache baadaye ligi ilirudisha kanuni ya kuruhusu kwotabeki wa tatu wa dharura siku ya mechi. Mtu anaposubiri miaka 15 apate jioni moja kama ile, na ikamwishia vile, hakuna malipo yanayofidia. Fitzpatrick naye safari yake ilikatika hivyohivyo: Septemba 2021, mechi yake ya kwanza Washington, nyonga ikaumia, hakucheza tena, na mwaka 2022 akastaafu.

Kuhusu fedha, wenzako wasifikirie umaskini. Hata kikosi cha mazoezi kililipa dola 13,000 kwa wiki mwaka 2025 kwa mchezaji kijana, na mkongwe hupata zaidi. Fitzpatrick alijipatia zaidi ya dola milioni 80 katika misimu yote. Ila wiki usipokuwa kazini hulipwi. Na haki ya pensheni ya ligi inataka misimu mitatu inayohesabika, ambapo msimu huhesabika ukiwa kwenye orodha kamili au ya majeruhi kwa mechi tatu au zaidi. Ndiyo maana mchezaji wa pembezoni hupigania mechi ya tatu ya mwaka kwa bidii ambayo mtazamaji haielewi.

Kinachosemwa kidogo ni nyumba. Fitzpatrick ana watoto saba, na walikua wakihama naye. Shule mpya, nyumba ya kupanga, marafiki wapya, kisha Machi simu inalia. Wapo wanaoamua familia ibaki mji mmoja na baba azunguke peke yake. Nadhani hapa ndipo gharama halisi ya kazi hii ilipo, kuliko hata kwenye majeraha, kwa sababu anayeilipa hakusaini mkataba.

Ligi hii humaliza watu wengi kabla hawajapata nafasi ya kuhamahama. Chama cha wachezaji kimekuwa kikitaja wastani wa miaka 3.3 tu. Jirani yetu Mkenya Daniel Adongo, aliyetoka kwenye raga na kusajiliwa na Colts wa Indianapolis mwaka 2013 bila kuwahi kucheza mchezo ule, alipanda kutoka kikosi cha mazoezi hadi kikosi kamili Desemba ya mwaka huohuo. Mwaka 2015 safari yake ilikuwa imekwisha, timu moja tu. Ukilinganisha na hapo, mtu aliyeitwa tena na tena kwa zaidi ya miaka 15 yuko kwenye kundi dogo sana.

Sasa mtoto wa kaka. Maisha ya Johnson hayachaguliwi ukiwa na miaka 16, kwa hiyo msimtakie wala msimwogopeshe nayo. Yapo mambo mawili ambayo familia inaweza kuyashughulikia tangu sasa. La kwanza ni kichwa. Sheria za majimbo ya Marekani zinataka mchezaji kijana anayeshukiwa kupata mtikisiko wa ubongo atolewe na asirudi mpaka mtaalamu wa afya amruhusu. Kaka aulize shuleni nani anasimamia hilo siku ya mechi, na kijana aambiwe nyumbani, waziwazi, kwamba kusema "kichwa kinauma" hakutamkosesha heshima ya baba yake.

La pili ni chuo. Harvard haitoi ufadhili wa masomo kwa ajili ya michezo. San Diego, alikotoka Johnson, haikuwa ikitoa ufadhili wa futiboli. Wote wawili walikwenda mahali ambapo ilibidi wawe wanafunzi kwanza, na mskauti akawafuata hukohuko. Kwa hiyo vyuo vikubwa vya televisheni visipompigia simu, kaka asimruhusu aamini kwamba mlango umefungwa. Atafute chuo chenye kocha anayefundisha na shahada ambayo kijana angeitaka hata kama mpira usingekuwepo. Na akiomba mechi ya kujifunzia, mtafutieni ile ya Novemba 4, 2021. Awaache wanaokimbia na mpira, amtazame Johnson wa miaka 35 anavyowapanga wenzake kabla ya kila shambulizi, katika mechi ambayo hakutarajiwa kuicheza.